Usizime Kifaa: Sayansi ya Kusasisha Ruta ya Faiba

Kila anayesasisha ruta ya nyumbani hukutana na onyo lile lile kwenye skrini: usizime kifaa mpaka kazi ikamilike. Tunatii kwa sababu onyo limeandikwa kwa herufi kubwa, lakini sababu yake wachache wameelezwa. Kompyuta ya mezani ikizimika ghafla, mara nyingi huwaka tena na kazi ikaendelea. Televisheni hali kadhalika. Imekuwaje basi boksi dogo la intaneti liweze kufa moja kwa moja kwa umeme kukatika sekunde chache tu?

Jibu si gumu, ila linataka twende hatua kwa hatua, kuanzia ndani ya chipu. Faida yake ni kubwa. Aliyekariri kanuni huisahau akiwa na haraka. Anayejua chanzo chake anaweza kuitunga upya mwenyewe, hata mbele ya ruta ambayo hajawahi kuiona.

Ndani ya boksi

Ruta ya faiba, ambayo mafundi huiita pia ONT, ni kompyuta kamili. Ina prosesa, ina kumbukumbu, ina redio ya Wi-Fi, na ina leza ndogo ya kutuma mwanga pamoja na kipokezi cha kuupokea kupitia uzi wa kioo. Isichokuwa nacho ni diski, kibodi na skrini.

Kumbukumbu zake ni za aina mbili, na tofauti yake ndiyo msingi wa somo zima. Ya kwanza ni RAM. Ina kasi, lakini hushika taarifa maadamu umeme upo. Ukikatika, yote hupotea. Ya pili ni flashi. Ni ya polepole, lakini ilichoandikiwa hukishika hata boksi likikaa kabatini miaka mingi. Programu dhibiti, yaani programu inayoiendesha ruta na ambayo wengine huiita femwea, hukaa kwenye flashi. Ruta ikiwashwa, programu hiyo hunakiliwa kwenye RAM na kufanya kazi humo.

Hapo tayari tumepata jibu la swali dogo ambalo wengi hujiuliza: kwa nini kuzima ruta na kuiwasha tena huondoa matatizo mengi? Kwa sababu RAM husafishika, na nakala mpya huchukuliwa kutoka kwenye flashi. Dawa hiyo inafanya kazi kwa sharti moja, kwamba nakala ya kwenye flashi iwe nzima. Kusasisha ruta ni kuigusa nakala hiyo yenyewe.

Elektroni zilizofungiwa

Ndani ya chipu ya flashi mna mamilioni ya swichi ndogo za silikoni, yaani transista. Kila moja ina kipande kidogo kinachoweza kubeba chaji, kilichozungukwa pande zote na ukuta usiopitisha umeme. Wazo hili lilibuniwa mwaka 1967 na Dawon Kahng na Simon Sze katika maabara za Bell, Marekani. Mwaka 1984 Fujio Masuoka wa kampuni ya Toshiba, Japani, aliwasilisha kumbukumbu iliyojengwa juu ya wazo hilo, ambayo sehemu kubwa ya taarifa zake hufutika kwa mkupuo mmoja. Hiyo ndiyo flashi.

Elektroni zikisukumwa ndani ya kile kipande, hunaswa humo, na transista husomeka 0. Zikitolewa, husomeka 1. Upande zinakopita, ukuta una unene wa nanomita kama 10 tu, na milimita moja ina nanomita milioni moja. Pamoja na wembamba huo, elektroni haziuvuki kwa volti za kawaida, na ndiyo maana maandishi hudumu bila umeme. Ili kuzivusha, chipu huhitaji volti kubwa kuliko zile inazopewa, ambazo mara nyingi ni 3.3. Kwa hiyo hujipandishia volti yenyewe kwa sakiti maalumu iliyo ndani yake. Kazi hiyo huchukua muda, na muda wote huo hutegemea umeme wa adapta usiyumbe.

Sasa tufike kwenye kiini. Biti moja inaweza kugeuzwa peke yake kutoka 1 kuwa 0. Kuirudisha kutoka 0 kuwa 1 peke yake haiwezekani: ni lazima kundi zima la biti, linaloitwa bloku, lifutwe ili zote zirudi 1, ndipo iandikwe upya. Ni kama ubao wa chuoni, ule wa mbao ambao watoto wa pwani wameandikia kwa wino vizazi na vizazi. Somo jipya haliandikwi juu ya lililotangulia. Ubao huoshwa kwanza. Na baada ya kuoshwa, kabla ya kuandikwa, hauna somo lolote.

Bloku 256

Tuchukue mfano wa ruta yenye flashi ya megabaiti 16 na bloku za kilobaiti 64. Hesabu yake ni 16 mara 1,024, gawanya kwa 64: bloku 256. Tuseme programu mpya inajaza chipu yote. Ruta inafuta bloku ya kwanza, inaiandika, inahamia ya pili, na kuendelea. Kila bloku ina muda wake wa kufutwa na muda wake wa kuandikwa. Ukijumlisha zote pamoja na ukaguzi, kazi inafika dakika kadhaa.

Sasa umeme ukatike ruta ikiwa kwenye bloku ya 100. Bloku 99 zina toleo jipya. Ya 100 imefutwa, au imeandikwa nusu. Zilizobaki 156 bado zina toleo la zamani. Boksi sasa halina toleo jipya wala la zamani, bali maagizo yanayokatika katikati, na hakuna prosesa inayoweza kuyafuata.

Linganisha na hatua inayotangulia. Unapopakia faili kutoka kwenye kompyuta, ruta nyingi hulipokea lote kwanza kwenye RAM, hulikagua, ndipo zianze kufuta flashi. Kebo ikichomoka wakati wa kupakia, hakuna kilichoharibika, kwa kuwa flashi haijaguswa. Kwa hiyo hatari haikuenea katika zoezi lote. Imejikusanya katika dakika zile chache za kufuta na kuandika, na inaletwa na jambo moja, umeme kukatika.

Umeme hukatika kwa njia mbili. Ya kwanza ni ile tunayoijua sote, mtaa mzima kuingia giza. Ya pili ni mkono wa mwenye nyumba. Wakati wa kuandika flashi, ruta nyingi husimamisha Wi-Fi na ukurasa wa mipangilio ili kupata nafasi kwenye RAM. Kwenye simu au kompyuta ukurasa unaganda, taa zinabadilika, intaneti hakuna. Mtu anaamini imekwama, anachomoa adapta ili aichomeke tena kama alivyozoea, na hapo ndipo anapoiua. Kuganda kule ni sehemu ya kazi yenyewe. Anayejua hivyo hukaa kando, akasubiri.

Inayowaka kwanza

Je, boksi likipoteza programu yake ndiyo mwisho? Inategemea. Sehemu maalumu ya flashi hubeba programu ndogo ya kuwashia, ambayo hutangulia kuamka. Huiandaa RAM, huitafuta programu kubwa, huipeleka RAM, kisha huiachia kazi. Masasisho mengi hayaigusi programu hii, na maadamu ni nzima, fundi mwenye vifaa anaweza kuitumia kuandika upya programu kubwa iliyoharibika. Ikifutika nayo, hana budi kufungua boksi na kuandika chipu moja kwa moja. Kwa ruta ya nyumbani, hapo watu wengi hununua nyingine.

Wahandisi wamepata kinga kwa wazo rahisi: flashi igawanywe nafasi mbili. Ruta ikiwa inatumia programu iliyo nafasi A, toleo jipya huandikwa nafasi B. Umeme ukikatika, B imeharibika lakini A ni nzima, na ruta huwaka kama kawaida. B ikikamilika, hukaguliwa, kisha ruta hujaribu kuwaka nayo. Ikiwa haijathibitishwa, ruta ikiwashwa upya hurudi A. Utaratibu huu umo katika kiwango cha kimataifa cha G.988 cha shirika la ITU, ambacho hueleza namna mtambo wa mtoa huduma unavyosimamia boksi la faiba lililo nyumbani kwa mteja.

Utaratibu wa nafasi mbili ni mzuri, lakini si kila boksi linao, na kwa kulitazama nje huwezi kujua. Muulize mtoa huduma. Usipopata jibu, chukulia kwamba nafasi ni moja.

Kwa nini tuiguse, basi?

Kama kuandika flashi kuna hatari, mtu anaweza kusema, tuiache ruta kama ilivyo. Lakini programu imeandikwa na binadamu na ina kasoro, na ruta ndiyo kifaa cha nyumbani kilichokaa mlangoni mwa intaneti usiku na mchana.

Novemba 2016, ruta zipatazo 900,000 za wateja wa Deutsche Telekom, Ujerumani, zilipoteza mawasiliano. Washambuliaji walikuwa wakibisha hodi katika mlango namba 7547, ule unaotumiwa na watoa huduma kusimamia ruta kwa mbali. Kampuni ilitoa sasisho, na wateja wakaambiwa wachomoe ruta kwenye umeme, waichomeke tena ili ilipokee.

Mei 2018 watafiti wa Cisco walitangaza kuwepo kwa programu haribifu iliyoitwa VPNFilter, katika vifaa visivyopungua 500,000 kwenye nchi 54. Sehemu yake kubwa iliondoka ruta ilipozimwa, kwa sababu ilikaa RAM. Kiini chake kilikuwa kimejiandika kwenye kumbukumbu ya kudumu, na kilirudi kila ruta ilipowashwa. Anayeelewa RAM na flashi anaona mara moja kwa nini kuzima na kuwasha hakukutosha.

Na mwishoni mwa Oktoba 2023, katika muda wa siku tatu, ruta zaidi ya 600,000 za mtoa huduma mmoja wa Marekani zilikufa kabisa, ikabidi zibadilishwe. Watafiti wa kampuni ya Lumen, walioeleza tukio hilo mwaka 2024, walihitimisha kwamba lilifanywa kwa makusudi. Uwezo wa kuandika programu dhibiti ndio unaoiponya ruta. Ukiangukia mikono mibaya, huimaliza. Ndiyo maana swali la pili la usalama, baada ya umeme, ni hili: faili hili limetoka kwa nani?

Kulipima faili

Kwanza, ruta hujuaje kwamba faili halikuharibika njiani? Tujaribu kwa mkono. Faili letu liwe na namba nne tu: 7, 2, 9, 4. Tuzijumlishe, tupate 22, na tutume jumla hiyo pamoja na faili. Ikiwa 9 imegeuka 6 njiani, jumla inakuwa 19, na kosa limeonekana. Lakini 2 na 9 zikibadilishana nafasi, jumla inabaki 22, na kosa limepita bila kuonekana. Tuboreshe kipimo: namba ya kwanza tuizidishe kwa 1, ya pili kwa 2, ya tatu kwa 3, ya nne kwa 4. Faili sahihi linatoa 7 na 4 na 27 na 16, jumla 54. Lile lililovurugwa, 7, 9, 2, 4, linatoa 7 na 18 na 6 na 16, jumla 47. Sasa kosa limenaswa. Ruta hutumia vipimo vyenye hesabu nzito kuliko hii, kama CRC-32, lakini lengo ni lile lile: namba fupi inayobadilika faili likibadilika.

Kipimo cha aina hii hunasa ajali. Mtu mwenye nia mbaya hakimzuii, maana akishabadilisha faili anaweza kupiga hesabu upya na kuambatisha namba inayolingana. Kwa hiyo kuna kipimo cha pili, SHA-256, ambacho hutoa alama ya tarakimu na herufi 64. Ukibadilisha biti moja tu ya faili, karibu nusu ya biti za alama hubadilika, na hakuna njia inayojulikana ya kutengeneza faili jingine lenye alama ile ile. Mtengenezaji akiitangaza alama hiyo kwenye tovuti yake, unaweza kuihesabu kwenye kompyuta yako: Windows ina amri ya certutil, Linux ina sha256sum. Linganisha herufi zote 64, usiishie kwenye chache za mwanzo.

Hata hivyo, aliyeivamia tovuti anaweza kubadilisha faili na alama pamoja. Kinga ya mwisho ni saini ya kidijitali, iliyojengwa juu ya hesabu za funguo mbili kama zile walizozibuni Ron Rivest, Adi Shamir na Leonard Adleman mwaka 1977. Ufunguo mmoja ni siri ya mtengenezaji, na ndio unaotia saini. Wa pili ni wa wazi, na umewekwa ndani ya ruta ili kuhakiki saini hiyo. Ruta yenye ulinzi huu hulikataa faili lisilosainiwa kabla haijafuta hata bloku moja. Ukiona ruta imelikataa faili, jua imekulinda. Usitafute njia ya kuizunguka.

Mwanga wa wengi

Mpaka hapa maelezo yanaifaa ruta yoyote. Ya faiba ina jambo la ziada. Katika mfumo wa GPON, uzi mmoja wa kioo hutoka kwa mtoa huduma, hufika kwenye splita, na mwanga wake hugawanywa kwa nyumba nyingi, mara nyingi 32 au 64. Mwanga unaoshuka kwenu una urefu wa wimbi wa nanomita 1,490, na unaopanda una 1,310. Unaoshuka huzifikia nyumba zote. Katika unaopanda, nyumba zote hutumia uzi mmoja, kwa hiyo hupeana zamu: muda hukatwa vipande vya mikrosekunde 125, yaani vipande 8,000 kwa sekunde, na ndani ya kila kipande mtambo huamua nani awashe leza yake na wakati gani hasa.

Anayeitii zamu hiyo ni boksi lako na programu iliyomo. Likikosea, likawasha leza nje ya zamu yake, mwanga wake huvuruga taarifa za majirani wote walio kwenye splita ile. Pamoja na hayo, mtambo hulitambua boksi kwa namba yake ya siriali, na mara nyingi mipangilio ya usajili imehifadhiwa humo humo kwenye flashi. Ukiweka programu ya mtoa huduma mwingine, au ukaifuta mipangilio, boksi linaweza kuwaka vizuri kabisa na bado likakataliwa na mtambo.

Hii ndiyo sababu watoa huduma wengi wa faiba husasisha maboksi wao wenyewe kwa mbali, kupitia uzi ule ule. Ikiwa boksi ulipewa nao, hatua ya kwanza ni kuwapigia simu na kuwatajia modeli na toleo la programu ulilo nalo. Ikiwa una boksi lao la faiba na nyuma yake ruta yako uliyoinunua mwenyewe, ile ya kwako ndiyo unayoisasisha wewe.

Kazi yenyewe

Sasa kila hatua ina sababu yake. Geuza ruta, usome kibandiko cha chini: jina la modeli na toleo la maunzi. Modeli yenye jina moja inaweza kuwa na matoleo mawili ya maunzi yenye chipu tofauti, na faili la moja lisiifae nyingine. Fungua ukurasa wa mipangilio, anwani yake mara nyingi ikiwa 192.168.1.1 au 192.168.100.1, uandike toleo la programu lililopo. Pakua faili kutoka kwa mtengenezaji au mtoa huduma peke yao, wala usilipokee kutoka kwenye kundi la WhatsApp, kisha ulinganishe alama ya SHA-256 ikiwa imetolewa.

Hifadhi nakala ya mipangilio kwenye kompyuta, na kwenye karatasi andika jina la Wi-Fi, nywila yake, na taarifa zozote za kuingilia ulizopewa na mtoa huduma. Chomeka ruta kwenye UPS. UPS ndogo za ruta zinatosha, mradi volti yake ilingane na iliyoandikwa kwenye adapta. Kama huna, chagua saa ambayo umeme wa mtaani kwenu hutulia, na usianze mvua ya radi ikinyesha. Unganisha kompyuta kwa kebo, ili kukatika kwa Wi-Fi kusikubabaishe. Uzi wa faiba hauhusiki na kazi hii: usiuchomoe, na kamwe usiuchungulie, kwa kuwa mwanga wake hauonekani kwa macho na unaweza kuyadhuru.

Pakia faili, thibitisha, kisha ondoa mikono. Ipe ruta muda uliotajwa na mtengenezaji, na ukikwisha uiongeze dakika nyingine kumi kabla ya kufikiria chochote. Itajizima na kujiwasha yenyewe. Angalia taa: ya PON itulie bila kupepesa, na ya LOS isiwake nyekundu. Ingia tena kwenye ukurasa, uhakikishe namba ya toleo imebadilika, nywila ya msimamizi si ile ya kiwandani, na usimamizi kutoka nje ya nyumba umefungwa, isipokuwa ule wa mtoa huduma wako.

Kabla ya kubonyeza, basi, jiulize mambo matatu. Je, umeme utadumu mpaka bloku ya mwisho? Je, faili limetoka kwa mwenye haki ya kulitoa, na ni la maunzi haya hasa? Je, boksi hili ni langu kulisasisha, au ni la mtoa huduma? Ukiwa na ndiyo kwa mawili ya kwanza na hakika kwa la tatu, sasisha bila woga, maana ruta iliyoachwa na kasoro zake huwaweka hatarini wote walio nyuma yake. Likikosekana jibu moja, ahirisha mpaka ulipate.